Mashine ya Vyombo na Mama Mkwe Wangu

Naanzia pale pabaya kabisa, maana nikinyamaza mtahadithiwa na wengine na watatia chumvi: mama mkwe wangu mtarajiwa alifungua mlango wa chumba cha kuoshea vyombo akanikuta nimevaa aproni yenye maua mekundu, mikono imo ndani ya beseni mpaka viwikoni, nasugua sahani kwa majivu kama mwali anayefundwa, na pembeni yangu mashine kubwa ya Ulaya ya kuosha vyombo inanguruma kwa nguvu zake zote, tupu, haina hata kijiko ndani.

Watu wa huku Mara hapo mmeshashika vichwa. Lakini kama kuna mgeni anasoma, nimweleze: kwetu mtu na mama mkwe wake hawatazamani. Ukimwona anakuja njiani unaacha njia, unaingia hata kwenye miiba. Yeye naye akikuona anajifunika kanga na kugeuka. Hamli pamoja, hamkai chumba kimoja, hata jina lake hulitaji. Sasa mimi mama wa watu alinitazama, na nilikuwa nimevaa maua.

Aibu ile ni yangu, siikatai, nimeibeba mpaka nywele zimeanza kuwa nyeupe. Lakini aibu ina wazazi wake, na mimi nitawataja kwa majina, kwa sababu wote wapo, wanakula na kulala vizuri.

Mzazi wa kwanza ni Manyama. Huyu tumekua naye Mugango, tumechunga pamoja, tumefukuzwa darasa la nne pamoja (yeye kwa ubishi, mimi kwa kukosa kaptula). Miaka ile ya vijiji vya ujamaa tukapata kazi wote kwenye chuo kimoja nje kidogo ya Musoma, chuo cha kuwapa semina viongozi wa vijiji, yeye akawa dereva wa trekta la shamba la chuo, mimi nikawekwa jikoni. Jikoni kufanya nini? Kuosha vyombo. Haya, nimesema. Na kwetu Mugango mwanaume akionekana ameshika sufuria, basi mke wake amejifungua na dada zake wote wamekufa. Kwa hiyo nilikuwaga nikirudi nyumbani nasema tu "niko chuoni", na watu wanaitikia "chuoni!", na mimi nanyamaza.

Nikampata binti, Nyangeta, wa kwa Mzee Wandiba kule Bunda, watu wa pamba na ng'ombe, watu wenye heshima yao. Manyama akawa mshenga wangu. Siku ya kwenda kuniombea tumekaa pale, Mzee Wandiba akauliza swali la haki kabisa: "Huyu kijana wenu anafanya kazi gani?" Manyama hata hakumeza mate.

"Mzee, huyu ni mtu wa mashine."

Mimi nilikuwepo, nimeinamisha kichwa kama inavyotakiwa mtu anapoombewa mke, na kichwa kikiwa kimeinama huwezi kukanusha kitu. Mzee Wandiba akasema, "Vizuri. Nchi inahitaji watu wa mashine." Ng'ombe wa kwanza wakapelekwa. Tukiwa njiani kurudi nikamuuliza Manyama, mashine gani? Akasema, "Si zipo mashine nyingi duniani? Tafuta moja."

Sasa Mungu naye ana utani wake. Haukupita muda lori likaingia chuoni na sanduku la mbao kubwa kama choo, wafadhili wa Ulaya wametuletea mashine ya kuosha vyombo, na fundi wao mwenyewe amekuja nayo, mzungu mrefu mwenye malapa. Mimi nilipoambiwa mle ndani mna mashine na mwendeshaji ni wewe Masatu, nilienda nyuma ya stoo nikalia. Si kulia kwa uchungu. Nililia kwa sababu uongo wa Manyama ulikuwa umegeuka ukweli bila mimi kufanya dhambi nyingine.

Mzazi wa pili wa aibu ni Bwana Maregesi, msimamizi wa chuo. Yule fundi alipomaliza kufunga mabomba alimwita Maregesi wakasimama mbele ya mashine, akaanza kumfundisha kwa Kiingereza. Akaongea. Akafungua mlango, akaingiza kichwa ndani, akaongea akiwa humo humo. Akachomoa vitu, akavirudisha, akaonyesha chini, akaonyesha juu, akatoa jasho. Maregesi anaitikia tu, "Yes, yes." Chai ikapoa, jua likahama dirisha moja likaenda jingine. Mwisho mzungu akapanda gari akaondoka, na mimi nikamfuata Maregesi, bwana mkubwa, amesemaje?

"Amesema ni rahisi. Unaweka, unafunga, unabonyeza."

Nikaweka, nikafunga, nikabonyeza. Na jamani, sitaki kusema uongo, mwanzoni ile mashine ilikuwa maajabu! Sahani zinatoka zimekauka, za moto, unajiona uso. Wanasemina walikuwa wanakuja kwenye kidirisha kuchungulia. Nikashonewa aproni kwa kitambaa kilichobaki cha mapazia ya bweni (ndiyo hayo maua). Mtu akiniita mwosha vyombo simjibu. Mimi ni mwendeshaji.

Halafu siku moja, tena asubuhi moja tu, hivi hivi, sahani zikatoka chafu.

Si uchafu wa kawaida. Sahani iliyoingia na ukoko wa ugali wa muhogo ilitoka na ukoko umepungua, lakini ile iliyoingia karibu safi nayo imepata ukoko. Mifupa ya furu (nyie mnajua furu alivyo na mifupa, samaki mdogo lakini mifupa ya ukoo mzima) imesambaa kila mahali, kikombe cha chai kina mfupa, kijiko kina gamba. Ile mashine ilikuwa imeelewa ujamaa kuliko sisi wote: ilichukua uchafu wa sahani moja ikawagawia wote sawasawa.

Tukaanza kutafuta ugonjwa. Bwana Maregesi akasema ni maji, maji yanavutwa ziwani na yana majani ya kijani, akaamuru tufunge kipande cha kanga mdomoni mwa bomba. Tukafunga. Mashine ikaanza kukohoa kama mzee wa kiko, maji hayafiki juu, tukafungua. Mimi nikasema labda ni mpangilio, nikageuza sahani zote zitazame mlango, nikazigeuza zitazame ziwa, nikaziweka chache, nikaziweka kwa kuachana kama miche ya pamba. Wapi!

Mama Bhoke, mpishi wetu mkuu (mzazi wa tatu huyo, mshikeni vizuri), akasema, "Masatu, hiyo kitu ina njaa ya sabuni." Sabuni ya unga iliyokuja na mashine ilikuwa imekwisha, na madukani miaka ile hata ya kuogea ilikuwa unaisikia kwenye redio tu. Akanipa mche wa sabuni aliokuwa ameuficha, nikaukwangua, nikautia. Povu lilitoka mlangoni, likashuka ngazi, likaingia ukumbini kwenye somo la kilimo cha bega kwa bega, wajumbe wakainua miguu. Kesho yake tukatia magadi. Povu halikutoka, lakini sahani zikabaki na weupe na chakula kikawa na ladha ya magadi, watu wakadhani Mama Bhoke amebadilisha mapishi.

Katika taabu zote hizo kitu kimoja tu kilikuwa kizuri pale jikoni, nacho ni chai. Kabla ya hapo chai ya chuo ulikuwa unaitafuna, majani tele. Sasa Mama Bhoke alikuwa amepata chujio jipya, la chuma kinachong'aa, la duara, matundu yake madogo kama macho ya sisimizi. Chai ikawa safi, haina hata jani. Nilimsifu mimi mwenyewe, kwa mdomo wangu huu. "Mama Bhoke, chai ya sasa hivi ni ya ikulu." Akacheka, akaniongeza kikombe.

Nikaenda kwa Maregesi kumwambia ukweli kwamba mashine haioshi. Hata hakuniacha nimalize.

"Mashine haina kosa, Masatu. Imetoka Ulaya. Kama sahani hazitakati, basi tatizo ni mwendeshaji. Nitaweka mwingine, wewe urudi kwenye beseni."

Nirudi kwenye beseni! Na ng'ombe wa pili wako njiani kwenda Bunda kwa jina la mtu wa mashine! Hapo ndipo nilipochukua ule uamuzi, uamuzi mdogo tu, unaotosha kwenye kiganja. Nikasema: leo tu. Nikafunga mlango wa chumba kwa ndani, nikawasha mashine tupu ingurume, nikachukua beseni na majivu na dodoki, nikaosha sahani zote kwa mkono kama nilivyomwona marehemu mama akifanya, nikazipanga kwenye kidirisha zinang'aa. Maregesi akapita, akaishika moja, akasema, "Umeona? Ilikuwa ni wewe."

Basi ile leo tu ikawa kila leo. Nikawa naosha vyombo vya chuo kizima kwa siri, na mashine inakula umeme na maji kwa kunificha. Maregesi akaandika huko juu kwamba mashine inafanya kazi vizuri mno, na huko juu wakafurahi, wakasema basi ule ugeni wa wajumbe wa vijiji unaokwenda Butiama upitie kwetu kwanza, wale chakula cha mchana, waione.

Siku ya ugeni Manyama alinifuata jikoni anacheka peke yake. "Masatu, wajumbe wa Bunda wameshuka. Wakwe zako wamo."

"Wamo nani?"

"Mzee Wandiba yumo. Na Mama Nyangeta yumo, kumbe ndiye kiongozi wa akina mama wa kijiji chao."

Nikamwambia, Manyama, nifiche. Akasema, "Ujifiche nini na wewe ni mtu wa mashine? Kaa na mashine yako humo ndani. Mkweo ataingia chumba cha mashine kufuata nini?"

Hoja ilikuwa nzuri, nakiri. Mama mkwe akiwa ukumbini na mimi nikiwa nyuma ya mlango, mila imekaa sawa. Wageni wakala ugali wa muhogo, furu, na maharage kwa wasiokula furu, kwenye sahani ambazo nilikuwa nimezisugua tangu alfajiri. Vyombo vya kwanza vikaanza kurudi kwa kidirisha, nikavipokea, nikawasha mashine tupu, nikavaa maua yangu, nikapiga magoti kwenye beseni. Tatizo ni kwamba siku hiyo, kwa ile kuingia na kutoka kwa vyombo vingi, komeo sikulifunga.

Na kumbe Maregesi ukumbini anahutubia. Nilimsikia kwa mbali lakini mngurumo ulinizuia kuelewa. Alikuwa anasema mashine hii imekuja kumkomboa mwanamke, kwamba ndoo na beseni ni utumwa wa jana, kwamba akina mama wawe wa kwanza kuona, na kiongozi wa akina mama wa Bunda atufungulie mlango.

Akafungua.

Mwanamke aliyekuja kuona ukombozi wake alimkuta mkwe wake ndani ya beseni.

Hakupiga kelele. Alivuta kanga akajifunika kichwa kizima, akageuka kukimbia akagongana na akina mama wenzake waliokuwa wanasukuma kwa hamu ya kuona, wakaangukiana kama mihogo ikimwagwa kutoka kwenye gunia. Na mimi? Mila inasema uondoke mbele ya mkweo, na mlango umejaa mkweo, kwa hiyo nilitoka kwa dirisha. Nilikuwa nimesahau kwamba chini ya lile dirisha ndipo tulipochimba shimo la makombo.

Nikiwa humo shimoni, maharage ya jana mpaka magotini, nasikia Maregesi anaita, "Masatu! Rudi uwaonyeshe wageni! Huyu bwana ni mcheshi sana, alikuwa anawaonyesha kwanza jinsi ya zamani!" (Uongo una akili, sikatai.) Halafu nikasikia sauti ya Mzee Wandiba, taratibu kabisa, sauti ya mtu anayekagua ndama.

"Mleteni. Mimi nimekuja kuona mashine."

Mama Nyangeta alikuwa amekimbilia mpaka kwenye magari, kwa hiyo mila iliniruhusu kurudi. Nilirudi kwa mlango, nanuka, aproni imekuwa na maua na maharage. Nikachukua vyombo vichafu vya mchana ule, nikaviweka, nikafunga, nikabonyeza, na nikaomba kwa Mungu wa wazungu waliotengeneza kitu kile, aikumbuke kazi ya mikono yao.

Ilipozima, Mzee Wandiba alifungua mwenyewe. Akachagua sahani moja yenye ufa pembeni, akaigeuza kwenye mwanga, akaikwangua kwa ukucha.

"Sahani hii niliilia mimi," akasema. "Nimeijua kwa huu ufa. Mimi furu sili, nimekula maharage. Sasa kijana wangu, huyu samaki ameingia kwangu saa ngapi?"

Watu waliangua kicheko ambacho nafikiri kilifika Nyasho kule mjini. Mzee hakucheka. Aliinama akachungulia ndani ya mashine, chini kabisa, akauliza, "Na hili tundu ni la nini?"

Kweli, palikuwa na tundu la duara sakafuni mwa mashine, na ukingoni mna pingili za kuzungushia kifuniko, kama za mdomo wa chupa. Maregesi akajibu kwamba ni la kupitishia hewa. Na wakati huo huo, jamani, wakati huo huo, Mama Bhoke akaingia na birika kubwa anawagawia wageni chai, mkono mmoja birika, mkono mwingine chujio lake linalong'aa, la duara, lenye pingili ukingoni.

Macho ya watu yalitoka kwenye tundu yakaenda kwenye chujio, yakarudi kwenye tundu. Mzee Wandiba akanyoosha mkono. "Ndugu mpishi, hebu niazime."

Akalitumbukiza. Akalizungusha. Likalia *ka!* na likakaa kama limerudi kwao.

"Mama Bhoke!" Maregesi akapiga ukelele. "Hii umeitoa wapi?"

Mama Bhoke akaweka birika chini, akajishika kiuno. "Nimeitoa humo humo. Nilikuwa napiga deki, nikaikuta iko chini huko imelala tu, haifanyi kazi. Si mnasema kila kitu kifanye kazi? Mimi nimeipa kazi."

Waliokuwa wameshakunywa chai walisimama na vikombe vyao hawajui waviweke wapi. Mjumbe mmoja akaenda dirishani akakimwaga kimya kimya kwenye lile shimo langu. Nami nikakumbuka vile vikombe vya kuongezwa, chai ya ikulu, nikameza mate machungu.

Wakasema tujaribu tena. Sahani zile zile, mashine ile ile. Nikabonyeza. Zikatoka zinang'aa kama mwezi, hazina doa, na watu wakapiga makofi. Ndiyo, walipiga makofi! Mashine ikapigiwa makofi, Maregesi akainamisha kichwa kupokea, hata Mama Bhoke alipiga. Mzee Wandiba peke yake hakupiga. Alinisogelea, akanitazama kuanzia kichwani, na akasema kwa upole kabisa, maneno ambayo kuliko kuyasikia, afadhali angenipiga bakora: "Ile ya kwanza niliyolia chakula ilikuwa safi sana. Unaosha vizuri kwa mkono, kijana."

Wiki haikuisha, Manyama akaniletea jibu la Bunda. Mlango umefungwa, ng'ombe nikawachukue. Mzee amesema hivi: "Tulimpa binti mtu wa mashine. Mashine tumeiona. Mtu hatukumwona." Na Manyama alipomaliza kuniambia, yeye aliyeuleta uongo ule mpaka kwenye kigoda cha watu, akaniuliza kama kuna chai.

Nyangeta mwenyewe nilimkuta baadaye sana sokoni Bunda, ana mtoto mgongoni na mwingine anamvuta sketi. Nikataka kuacha njia, akanizuia. Akacheka mpaka akafuta macho, kisha akaacha kucheka.

"Masatu, mimi hakuna kazi ninayoichukia duniani kama kuosha vyombo. Ungesema ukweli kwamba unaosha, ningekuja kwako kwa miguu."

Hayo ndiyo niliyobaki nayo. Sasa hivi ni mlinzi wa ghala la pamba, nyumbani kwangu nina sufuria moja na sahani moja, na aproni nimeapa sitaivaa hata nikivikwa nikiwa maiti. Mashine ilikufa zamani, kuku wa chuo walikuwa wanataga ndani yake mara ya mwisho nilipopita. Manyama bado ni mshenga, anasifika, anaitwa mpaka Kiriba. Mama Bhoke ana mgahawa Nyasho na watu wanapanga foleni kwa ajili ya chai yake isiyo na majani, na chujio limening'inia pale ukutani linang'aa (alilichukua tena mashine ilipokufa, na safari hii sina la kumlaumu, lilikuwa kweli halina kazi).

Mama Bhoke alinijibu siku ile ile, mbele ya watu, nikamsikia. Manyama atamjibu Mungu, maana mimi nilikuwa nimeinamisha kichwa. Lakini wewe Bwana Maregesi, uliyestaafu na heshima zako, una nyumba ya bati na kiti cha mbele kanisani, wewe hujanijibu. Yule mzungu alisimama mbele ya ile mashine tangu chai ina moshi mpaka jua likahama dirisha. Aliingiza kichwa ndani. Alichomoa vitu akavirudisha, akaonyesha chini, akatoa jasho. Na mimi ukaniletea maneno matatu. Nakuuliza mbele ya wasomaji hawa, na sitaki unijibu kwa Kiingereza: yale mengine alisema nini, na uliyapeleka wapi?